Midomo Iliyofumba Bure

Nilikuwa naumwagia maji ya mvua mmea wangu wa kula nzi, pale dirishani, kaka yangu alipoingia na fimbo bila hodi. Wazee wawili walibaki mlangoni.

"Mokami yuko wapi?"

"Shikamoo kaka. Hapa hayupo."

Nilisema nilichojua. Kesho wasichana wa ukoo wanakeketwa, na binti yake alikuwa ametoroka.

Ndipo nikauangalia vizuri ule mmea. Nilipoenda shamba asubuhi, midomo yake yote ilikuwa wazi. Sasa ilikuwa imefumba, na ndani hamna hata mbu. Nyumba nzima nimeikataza kuugusa, maana ukifumba bure unachoka, mwisho unakufa. Mtu mmoja tu hanisikii. Kila akija anaingiza kidole, mdomo huu, mdomo ule, anacheka ukimbana.

Nikaliweka kopo chini. Chumba cha ndani kilikuwa kimya mno.

Kaka akasogea dirishani. Mmea anaujua, sikukuu ya Pasaka alishinda hapo na binti yake wakiulisha nzi.

"Mbona umefumba wote?"

"Umeshiba."

Akainama, akaupanua mdomo mmoja kwa ukucha. Mtupu. Akaupanua wa pili. Mtupu.

Akanyanyua macho, akalitazama pazia la chumba. Nikasogea kulikinga.

Akafuta kidole kwenye suruali, akawageukia wazee.

"Hayupo," akasema. "Twendeni kwa mjomba wake."