Tope la Ng'ambo

Mama yake Twalibu hakukubali mkono mwingine uifue jezi ya mwanawe. Hata Twalibu alipokwenda kucheza beki ng'ambo, akihama timu kila mwaka, kila likizo alimletea jezi moja na uchafu wake.

Safari hii alikuwa amesugua benchi msimu mzima. Asubuhi ya kuondoka huko kurudi nyumbani alipiga magoti kwenye bustani ya watu, akaipaka jezi tope kifuani, huku akiangaza macho kama mwizi wa kuku.

Sasa mama, akiwa ameinamia beseni uani, aliigeuza jezi taratibu. "Mbona ubavuni pako safi, baba?" aliuliza kwa sauti ya chini. "Beki si huteleza kwa ubavu? Hapo ndipo uliponitoa jasho miaka yote."

Twalibu alitamani ardhi ipasuke immeze.

Jirani yao, Bi Hidaya, akachungulia. "Eti beki wetu, huko walimchezesha?"

"Wee! Huoni ninavyohangaika na tope?" mama akajibu. Kisha akaupaka sabuni ule ubavu safi, akausugua, akausugua, mpaka povu likampanda viwikoni.