Pete Yenye Uzi

Jumamosi ilikuwa zamu ya wanawake wa jengo lile la mjini Tampere kuoga sauna, bafu la mvuke. Saimi aliivua pete yake ya chuma isije ikamuunguza, akaiweka dirishani kando ya pete ya jirani yake mjane. Ile ilikuwa ya dhahabu, pana kama ya mwanamume, imezungushiwa uzi ili imkae. Saimi alikuwa akiionea kijicho siku nyingi.

Wakati wa vita yeye aliitoa pete yake ya ndoa ya dhahabu serikali ikanunulie ndege, akapewa hii ya chuma. Mumewe alisema naye katoa yake, tena huku machozi yakimlenga, ila za chuma zilikuwa zimekwisha.

Aliugusa ule uzi. Ukasogea. Ndani ya dhahabu palikuwa pamechorwa jina lake na mwaka wa ndoa yake: Saimi 1937.

"Shoga, umeganda huko?" jirani aliita kutoka benchi la juu. "Njoo, joto limekolea!"

Saimi aliingia nayo. Akaitia kwenye upawa wa shaba wa kumwagia maji, akauweka upawa juu ya mawe ya jiko.

"We! Si pete yangu hiyo? Itaniunguza!"

Saimi alisubiri mpaka uzi wote ukaungua.

"Lete kidole, mpenzi," akasema.