Chapati ya Kabichi ya Mkwe

Chapati ya kabichi ilipasukia hewani. Nusu ilirudi kwenye kikaango, nusu ikatua juu ya mguu wa kijana Clever, mwalimu wake wa mapishi.

"Pole, baba," alisema Dafroza, akicheka mpaka machozi. "Na wewe nawe, miguu yako mirefu mno kwa jiko hili."

Ilikuwa Ijumaa, na wageni walikuwa wanakuja Jumapili. Dafroza si mtu wa kushindwa na unga. Mtaa mzima wa Kamunyonge unayajua maandazi yake. Lakini hii okonomiyaki ya Wajapani, kabichi tele, mayai, na unga kidogo tu wa kuvishikanisha, ilikuwa imemtoa jasho.

Mambo yalianza Pasaka. Binti yake Mary alikuja kutoka Dodoma na habari kwamba amepata mchumba, yuko Japani, na chakula anachokipenda kuliko vyote ni okonomiyaki. Alipotaka kuonyesha picha kwenye simu, Dafroza alifumba macho. Alipotaka kutaja jina, aliziba masikio.

"Mkwe hatumwangaliagi, wala hatumtaji," alisema. "Hayo ongea na shangazi yako. Mimi kazi yangu kupika."

Kwao ndivyo ilivyo. Mama mkwe na mkwe hawali pamoja, hawataniani, na wakikutana njiani mmoja anaingia vichakani. Dafroza aliishika mila hiyo kwa mikono miwili.

Mdomo, hata hivyo, hakuuziba. Kabla jua halijazama, jumuiya nzima ilishajua kwamba Mary anaolewa na Mjapani. Mbele za watu Dafroza alitamba. Akibaki peke yake alilia, maana Japani si hapo Bunda. Mtoto akishavuka kwenda huko, utamwona kwenye simu tu mpaka unaingia kaburini. Ndipo akapata wazo. Mkwe akila akashiba, akaona hata Musoma kuna mtu anayekijua chakula chao, labda atakubali kukaa huku.

Mazungumzo ya posa alikuwa ameyashika wifi yake Benedikta, wa Nyasura. Dafroza alipomwomba amtafutie mtu wa kumfundisha mapishi ya Kijapani, Benedikta alimtazama, akajikuna shingo, akasema atajaribu. Wiki iliyofuata alikuja na Clever.

"Mtoto wa Kibara huyu. Alikuwaga huko huko Japani, anasomea ufugaji wa samaki. Amerudi, anaweka vizimba vya sato ziwani."

"Shikamoo, mama," alisema Clever, macho chini.

Aibu zake hazikudumu. Dafroza alimkalisha juu ya ndoo, akampa kisu, na haikupita muda wakawa wanakula kwenye kikaango kimoja, wakigombania kingo zilizokauka vizuri. Clever alimfundisha kukata kabichi nyembamba, kuchanganya sosi ya nyanya na soya na sukari, na kunyunyiza juu dagaa wakavu waliosagwa, mahali pa yule samaki wa Kijapani anayekwanguliwa. Clever akikosea kukata, Dafroza alimchapa mwiko mkononi. Akipatia, alimtia tonge mdomoni kwa vidole vyake mwenyewe.

Na alimwambia yote yaliyokuwa moyoni.

"Hebu niambie ukweli. Nasikia hao watu wanakula samaki mbichi. Mtu anayekula sato mbichi unamwachiaje mtoto?"

Clever alipaliwa. "Hata mimi nilikulaga, mama. Na bado unanilisha."

"Wewe ni wa hapa hapa Kibara. Ungekuja mapema ningekupa wewe. Umechelewa, baba."

Clever aliinama akaendelea kukata kabichi.

Jumapili akina mama wa jumuiya walijaa uani kumsubiri Mjapani, simu mkononi. Dafroza alijifungia jikoni, pazia likashushwa. Alisikia gari, akasikia vigelegele, halafu vigelegele vikakatika ghafla. Hawajampenda mkwe wangu, aliwaza, na yeye ataona kwamba hajapendwa.

Kibaya zaidi, Clever, aliyeahidi kuwa naye siku hiyo mpaka mwisho, hakuonekana jikoni. "Kanitupa siku yenyewe," alinung'unika. Hasira zikampa nguvu. Alimimina, akasubiri, akageuza mwenyewe: ya kwanza, ya pili, ya tatu. Hakuna iliyopasuka. Alitamani sana yule kijana angekuwepo aone.

Benedikta alipeleka sahani sebuleni, akakaa huko mpaka Dafroza akaanza kutafuna ncha ya kanga. Aliporudi, sahani ilikuwa tupu.

"Amekula?" Dafroza alinong'ona.

"Ameramba."

"Na atakaa huku? Hatampeleka mtoto wangu mbali?"

"Ampeleke wapi, wifi, na vizimba vyake viko Kibara?" Benedikta aliiweka sahani chini. "Anasema leo umegeuza vizuri kuliko Ijumaa."