Mkono wa Kulia wa Khatibu

Khatibu alichota wali kwa mkono wa kushoto, mbele ya mgeni. Mwanangu sikumlea hivyo.

Yeye ni mrushaji wa besiboli, yule anayeingizwa mwishoni mwenzake akichoka. Mgeni alikuwa ametoka Marekani na mkataba wa kumsajili, akaja hadi nyumbani kwetu, mtaa wa Malvern.

Nilimshika Khatibu kiwiko cha kulia chini ya meza. Kilikuwa kimevimba, cha moto kama chapati.

"Eish, Mama, nyamaza," alinong'ona kwa Kiswahili. "Nikishasaini kitapona."

"Utasaini kwa mkono upi?"

Mgeni alitabasamu, akauliza kwa Kiingereza tunasema nini.

Khatibu alinikodolea macho. Nilinawa, nikamwambia mgeni afunike kalamu yake kwanza, akitazame kiwiko cha mwanangu.