Nyayo za Lamboni

"Hizi hapa," alisema Anisia, akionyesha tope.

Nyayo zilitoka majini, zikapanda ukingo wa lambo na kupotelea kwenye matete. Katikati yake ulipita mburuzo wa mkia. Marwa, afisa wanyamapori aliyeingia kijiji cha Rwamgasa asubuhi hiyo na bunduki begani, alichuchumaa kuzitazama. Nyuma yake walisimama wachimbaji wanane na makarai yao, na Fredy, kiongozi wao, akiwa na chupa ya zebaki ya kunasia dhahabu mfukoni.

"Wiki mbili hatujaosha mchanga wa dhahabu hapa kwa hadithi za huyu mama," Fredy alifoka. "Mpige risasi huyo mamba, afande, tuendelee na kazi. Kama yupo!"

"Nimemwona kwa macho yangu," alisema Anisia. "Saa nne anaota jua, mdomo wazi."

"Anapunguza joto," alisema Marwa bila kuinua kichwa. "Ukimkaribia?"

"Anatoa sauti kama tairi linalotoka upepo."

"Mbona wanawake mnachota maji kila siku na hajala mtu?" Fredy aliuliza.

"Tunachotea kule penye mawe."

Wachimbaji wakacheka. Anisia hakucheka; aliitazama chupa ya Fredy. Zebaki ni sumu, na kijiji kizima kilikunywa maji ya lambo lile.

Marwa alitoa futi ya kamba, akapima wayo mmoja, kisha mwingine. Akatazama matete, halafu khanga ya Anisia iliyolowa tope hadi magotini. Anisia akaikunja upindo haraka.

Hatimaye Marwa alisimama.

"Ni jike," alitangaza. "Mita tatu na ushee. Amefukia mayai humo kwenye matete, na atayalinda miezi mitatu, hata kula atasahau. Yakianguliwa, atawabeba watoto mdomoni hadi majini. Hapo ndipo huwa mkali kupita kiasi. Mama mwenye mayai simpigi risasi. Na atakayeshuka hapa na karai, asiniite kuja kumwokoa."

Fredy alitazama matete. Akarudi hatua moja nyuma, kisha tatu.

"Tutaoshea kule kule machimboni," alisema, na wote wakaondoka kwa mwendo wa haraka. Mmoja aliangusha karai lake na hakurudi kuliokota.

Anisia alishusha pumzi. "Ahsante, mwanangu."

Marwa alikunja futi yake, akamwinamia sikioni.

"Mguu wa nyuma wa mamba una vidole vinne tu, mama. Kesho ukichora nyayo zake, usiweke vitano."