Asikute Kufuli Ile Ile

Soksi ilikuwa na mwiba wa samaki ndani. Mama Consolée aliuvuta kwa vidole viwili, harufu ikampanda puani, akageuza uso asije akatapikia nguo alizokwisha kuzifua.

"Pfuu! Huyu ni mutoto wa namna gani?"

Na hapo alikuwa bado hajafika kwenye kikombe. Chini ya kitanda cha huyo mtoto kulikuwa na kikombe, na ndani yake kucha za miguu zilielea kwenye chai ya juzi. Kando palikuwa na sahani ya bugali ulioota ukungu. Kinyaa gani hicho! Hata mafuriko ya Buterere yakiingia nyumbani huacha uchafu wenye haya kuliko ule.

Mtoto mwenyewe alikwisha kuondoka, shati limepigwa pasi na mama, tumbo limejazwa na mama. Kila siku iendayo kwa Mungu ni chuo kikuu, chuo kikuu. Jioni anarudi na mkoba wa makaratasi, anavua viatu katikati ya sebule, ananyoosha miguu. "Mama, bugali iko wapi?" Basi. Kuoa hataki kusikia. Kupanga nyumba hataki kusikia. Hata maji aliyonawia, wa kuyamwaga ni mama.

Magoti ya Mama Consolée yalikuwa yamekwisha. Daktari alimkataza kuinama, na dada yake wa Uvira alimwambia wazi, "Njoo ukae kwangu, huyo atakuua." Lakini nyumba hii ya Kamenge aliijenga na marehemu mumewe, tofali kwa tofali. Aikimbie kwa sababu ya soksi? Apana! Mmoja wao alipaswa kutoka, na asingekuwa yeye.

Shida ni kwamba kila alipofungua mdomo, mtoto alimcheka. "Mama, we ulisoma wapi mambo ya vijana?" Naye, ambaye shuleni alitoka akijua kuandika jina lake tu, alichukua beseni.

"Basi tuulize mwenye alisoma," alisema Annick, jirani yake muuza ndagala, wale dagaa wa ziwani, aliyekuja kuomba makaa ya moto. "Leo Profesa Mirindi iko mu redio. Watu wanatuma mesaji, anajibu. Nikuandikie?"

Mama Consolée alicheka kicheko kikavu. "Mirindi? Yule namusikia mpaka masikio inauma."

"Si ndiyo maana, Mama? Akisema yeye, nani atabisha?"

Mama Consolée aliitazama ile soksi. "Andika. Lakini jina yangu usitie."

Walikaa jikoni, redio juu ya pipa la maji. Mtangazaji alimsifu mgeni wake weee: mtaalamu wa makuzi, aliyetumia maisha yake yote ya kazi akiwachunguza wanafunzi wa vyuo, kujua mtoto anageuka mtu mzima lini na vipi. Sauti ya profesa ilikuwa nzito na tamu, sauti ya mtu aliyeshiba.

"Vijana wetu wanabeba vitabu vya falsafa," alisema, "na chupi zao zinafuliwa na mama zao. Inachukiza!"

"Inachukiza kweli," alisema Mama Consolée.

Kisha mesaji yao ikasomwa. "Mama mmoja anasema: mutoto wangu iko ku chuo kikuu, hajui kuosha hata kikombe. Nikimusemesha, anacheka. Nifanye nini?" Mtangazaji akaongeza, "Profesa, hakuandika mtoto ana miaka mingapi."

"Miaka si kitu!" profesa alidakia. "Kazi yangu yote imenifundisha hivyo. Anayelishwa ni mtoto. Mama, nisikilize: huruma yako ndiyo sumu. Toa vitu vyake nje. Badilisha kufuli. Leo, si kesho. Atalia, atapiga kelele, usifungue. Siku moja atakushukuru."

Annick alizima redio. Mama Consolée machozi yalimlenga. Huyu alibebwa mgongoni mwake siku walipovuka mto Ruzizi wakikimbia vita.

"Nani atamupikia?" aliuliza.

"Mama!"

Akaenda chumbani, akainama kwa shida, akakitoa kile kikombe. Kucha zilikuwa bado zinaelea. Machozi yakakauka hapo hapo.

Annick alikwenda sokoni kununua kufuli. Kufika alasiri, vitu vyote vilikuwa vimelundikwa nje ya geti: mashati, viatu, vitabu, chupa ya rangi nyeusi ya nywele. Juu kabisa Mama Consolée aliweka kikombe, na chai yake ndani.

Jua lilikuwa halijatua teksi iliposimama. Ufunguo ukakwaruza kufuli, ukakwaruza tena.

"Mama! Ufunguo hauingie! Nani alikuambia ufanye huu ujinga?"

Mama Consolée alikuwa amekaa barazani, sahani mapajani, anakula ndagala zake zikiwa bado za moto. Alimaliza tonge kwanza.

"Profesa Mirindi," alijibu. "Alisema nisifungue."

Nje ya geti ufunguo ukaacha kukwaruza. Kisha ile sauti nzito, tamu, ya redioni, ikasema polepole:

"Mama... sikujua mesaji ilikuwa yako."