Shingo ya Télesphore

Nsimire alimkataa maiti wa tatu kwa sababu shingo yake ilikuwa bapa.

Walikuwa wamelazwa kwenye sakafu ya hangari moja la mizigo karibu na bandari ya Bukavu, watu thelathini na wanne, siku tano baada ya boti iliyotoka Goma kuzama. Maji yalikuwa yamezichukua nyuso zao. Kila familia ilitafuta alama yake: pete, jino, kidole kilichokatwa na panga.

Alama ya Nsimire ilikuwa uvimbe. Mume wake Télesphore, fundi wa mashine wa kampuni ya chai aliyekuwa ametumwa kazi Goma, alikuwa nao nyuma ya shingo, mkubwa kama yai la bata. Ulikuwa mafuta matupu, haukumuuma. Watoto wa mtaa wao wa Kadutu walimwita Papa Nundu, naye akaitika. Miaka kumi na tisa Nsimire alimbembeleza autoe, na miaka kumi na tisa yeye alijibu kwamba kisu cha daktari huingia kutafuta mafuta kikatoka na roho.

Maiti wa tatu alikuwa na urefu wa Télesphore na shati la buluu la kazi, lakini mashati hayo yalivaliwa na nusu ya mji. Nsimire alipitisha mkono kisogoni pake, polepole, kama alivyozoea. Hapakuwa na kitu ila jeraha dogo, na mbao za boti zilikuwa zimewajeruhi wengi.

"Shemeji, huyu ni ndugu yangu," alisema Anaclet, mdogo wa Télesphore. "Tumubebe. Tumulilie."

"Uvimbe iko wapi?"

"Siku tano mu maji, shemeji."

"Maji haiwezi kula uvimbe peke yake na kuacha shingo. Huyu iko na bibi yake mahali ingine. Tusimuibie bwana."

Jioni ile maiti ambao hawakuchukuliwa na familia yoyote, yule wa tatu kati yao, walizikwa pamoja katika shimo moja. Nsimire hakwenda. Ndugu walipofika na mikeka yao ili walale matanga, aliwapa chai na kuwarudisha makwao. Alikataa kunyolewa nywele kama mjane.

Kampuni ilituma telegramu Goma kuuliza. Jibu lilisema fundi alimaliza kazi yake Jumatatu, akachukua mfuko wake, akaaga. Boti ilizama Alhamisi. Mahali alipolala siku zile katikati, hakuna aliyejua.

Kwenye bomba la maji wanawake walijua. Goma ina wanawake wazuri, walisema, na fundi mwenye mshahara hawezi kulala peke yake. Euphrasie, jirani wa nyumba ya juu, ndiye aliyelitamka neno hilo mbele yake.

"Maman Nsimire, usisumbuke na kulia. Bwana yako hakufa. Alioa."

Wengine waliinamisha vichwa wakizuia kicheko. Nsimire alijaza ndoo yake, akaitwika, akamshukuru. Tangu siku hiyo, kila Jumapili kwenye misa, alimwombea yule mwanamke wa Goma. Aliomba awepo. Aliomba awe mzuri, ajue kupika sombe ya majani ya muhogo, amshike sana.

Wiki ya saba kampuni ilimwita ofisini. Karani wa matibabu, mama mnene mwenye miwani aliyeitwa Cibalonza, alimpa kiti na kueleza kwa upole. Hospitali moja ya Goma ilikuwa imeleta hesabu yake ya malipo. Kampuni ingelipa, lakini mfanyakazi alipaswa kutia sahihi, na kama hayupo, mke wake.

Nsimire aliivuta karatasi. Palikuwa na jina, Citoyen Cirimwami, yaani Raia Cirimwami, lile ambalo Télesphore alikuwa nalo kwenye vyeti tangu majina ya ubatizo yapigwe marufuku. Palikuwa na tarakimu 112, na bei. Ugonjwa haukuandikwa. Kampuni ilikuwa imeagiza hospitali zote zitumie namba tu, ili siri za miili ya wafanyakazi zisitembee maofisini.

Alilisoma jina mara tatu. Kisha akacheka, kwa mara ya kwanza tangu boti ile, akafunika mdomo kwa pindo la kitenge.

"Hospitali," alisema. "Maman, iko hospitali. Na miye nilikuwa namuombea mwanamke."

Cibalonza naye alicheka, kwa kuwa furaha ile ilimwingia. Alisema wagonjwa wengi hukaa huko miezi bila kutuma habari, wanaume hasa, na kwamba lori la kampuni lingepanda Goma kesho kutwa. Angemtafutia nafasi mbele, karibu na dereva. Nsimire alikuwa tayari anahesabu vitu vya kubeba: blanketi, sabuni, shati safi.

"Tuone kwanza anaugua nini," alisema Cibalonza. Alifungua mtoto wa meza, akatoa kijitabu cha namba, akashusha kidole ukurasa baada ya ukurasa.

"Mia moja na kumi na mbili. Ah, ni kitu kidogo, maman, usiogope. Kutoa uvimbe ya mafuta, nyuma ya shingo." Aligeuza ile karatasi na kusoma upande wa nyuma. "Alipasuliwa Jumanne. Alhamisi asubui wakamuruhusu arudie kwake."

Nsimire aliishika kalamu, akatia sahihi pale alipoonyeshwa.

"Maman," aliuliza, "wale maiti ya hangari, wenye watu walikataa, waliwazika wapi?"